Jina Letu ni Bado

Machi 9

Mvua imeanza asubuhi, na mimi nimeanza kuandika jioni. Kitabu hiki cha tarehe ni zawadi ya binti yangu. Anafanya kazi dirishani katika duka la dawa la hospitali, na kampuni moja iliwagawia. "Baba," ameniambia, "masika huna wateja, unashinda ukigombana na redio. Andika." Basi naandika.

Mimi ni fundi wa kushona. Duka liko mbele, nyumba iko nyuma, na katikati kuna ukuta mwembamba ambao mke wangu anausikilizia. Jina letu la ukoo ni Bado. Nimelitanguliza kwa sababu kila likichelewa huleta maneno. Kibao changu kimeandikwa FUNDI BADO, na hatukosi wageni wanaokisoma, wakatazama saa, wakaondoka wakidhani fundi hajafika. Binti yangu naye kazini kabandikwa jina kifuani. Mgonjwa anafika dirishani, anasoma BADO, anashusha pumzi, anarudi kukaa kwenye benchi.

Mimi sijawahi kuona tatizo. Jina lilikuwa la babu, akampa baba, baba akanipa mimi.

Machi 10

Mvua. Suruali moja, kupunguza kiuno.

Machi 12

Gauni la mke wa muuza mabati, jirani yetu, kupanua. Ana mimba yake ya kwanza, na tumbo linakimbia kuliko kitambaa.

Machi 15

Wakwe wamekuja kupanga harusi. Mchumba wa binti yangu anatengeneza majokofu na mtaa mzima unamwita Fundi Friji. Ni kijana mtulivu. Akiingia nyumbani kwa mtu husikiliza kwanza jokofu lake, ndipo aamkie wenyewe. Baba yake alishafariki, kwa hiyo amekuja na mama yake. Huyu mama ni mkunga mstaafu, ana mabega mapana na sauti iliyozoea kutiiwa. Nusu ya mtaa huu aliipokea yeye, na watu wazima wenye ndevu anawasalimu kama watoto waliokataa kuoga.

Mambo yalikwenda vizuri mpaka tukafika kwenye kadi za mwaliko.

"Itaandikwaje?" Mkunga aliuliza.

"Kama kadi zote, mkwe," mke wangu akajibu. "Bwana na Bibi Bado wanafurahi kuwaalika..."

"Simama hapo hapo. Mtu akisoma ataelewaje? Mnafurahi, au mpaka sasa mnajikaza kufurahi?"

Binti yangu akacheka. Nikamkazia macho, akacheka zaidi.

"Ni jina la ukoo," nikasema.

"Majina nayajua, baba wa binti. Nimewaona wanaowaita watoto wao Shida na Taabu, kisha wanashangaa mtoto halali. Mwanangu hatatangaziwa harusi kwa neno hilo. Weka jina lako la kwanza, weka la mkeo, weka la cherehani ukitaka. Hilo, hapana."

Nimegundua jambo moja: halitamki. Anasema "hilo", anasema "hilo neno lenu". Kama vile nimeweka kitu kinachonuka mezani.

Nikamgeukia binti yangu aniokoe. "Baba," akasema taratibu, "kusema kweli, mimi nikilipumzisha hilo jina sitalilia."

Nikaweka kikombe chini. Fundi Friji akainuka, akasema jokofu letu linanguruma, akaenda jikoni na hakurudi mpaka mama yake alipomwita waondoke.

Machi 16

Sikupata usingizi. Mke wangu anasema niliukosa huku nakoroma.

Nimeamua. Nitatafuta jina letu lilikotoka, nimwekee Mkunga mezani, aone aibu. Na binti yangu aone aibu kidogo pia. Kikwazo ni kimoja tu: mimi mwenyewe sijui lilikotoka. Utotoni nilimuuliza baba mara moja. Akasema, "Maliza uji wako."

Machi 17

Nimempigia simu shangazi, dada mkubwa wa marehemu baba. Ana duka la vitambaa na anaongea kama anakata utepe wa ufunguzi.

"Babu yako," akasema, "alikuwa mpagazi mwenye nguvu kupita wote. Walivuka milima na mizigo kichwani. Wenzake wakianguka njiani, msimamizi anamuuliza, 'Umechoka?' Naye anajibu, 'Bado!' Ndipo akaitwa hivyo. Jina letu maana yake ni nguvu. Mwambie huyo mkunga wako."

Nimejisikia mrefu siku nzima. Hata vifungo nimeshona kwa heshima.

Machi 18

Nimempigia baba mdogo ili anihakikishie. Nimekosea.

"Nguvu?" akasema, akacheka mpaka akakohoa. "Mzee alikuwa mvivu, mwanangu. Anaulizwa amelima, bado. Ameezeka, bado. Ameoga, bado. Shangazi yako ametia chumvi mpaka chakula hakiliki."

Machi 19

Kosa la pili: nilimwambia shangazi alichosema baba mdogo.

Machi 20

Shangazi na baba mdogo hawasemezani. Kila mmoja ananipigia mimi nimpelekee mwenzake salamu za kutosemezana. Gauni la mke wa muuza mabati, kupanua.

Machi 25

Mvua kubwa. Mkunga amepita na mwavuli kuuliza kama tumeamua. Nikamwambia uchunguzi unaendelea. "Kwani kuna maiti?" akauliza.

Niandike ukweli, kitabu ni changu: simpendi huyu mama. Ana kiburi. Anaingia dukani kwangu anapitisha kidole kwenye meza ya kukatia, kisha anakitazama kidole.

Machi 28

Mke wangu amenikumbusha kwamba Bibi Mdogo yu hai. Ni mdogo wake bibi yangu mzaa baba, mkongwe sasa, na ndiye peke yake aliyebaki miongoni mwa waliomjua babu akiwa kijana. Anaishi mbali, barabara ni matope matupu.

"Nenda," mke wangu ameniambia. "Ukibaki hapa utagombana na redio, halafu na mimi."

Aprili 2

Nimerudi. Nina matope mpaka masikioni, lakini nina furaha kama aliyeokota almasi.

Gari lilikwama mara nyingi hata abiria tukazoeana, tukawa tunasukuma kwa kuimba. Nimefika kwa Bibi Mdogo nimelowa. Alikuwa amekaa kitandani anachambua maharage. Masikio yamechoka lakini ulimi ni mzima kabisa.

"Shikamoo, Bibi!"

"Marahaba. Wewe ni nani?"

"Bado!"

"Haya, nitasubiri," akasema, akaendelea na maharage.

Ilibidi nianze kwa jina la baba, nipitie kwa bibi, mpaka akanitambua na kunipiga begani kwa furaha. Nikamuuliza kwa kelele: jina hili babu alilipata wapi? Akaweka ungo chini.

"Hamkuambiwa? Ile siku ya mazishi yake."

"Mazishi yake? Bibi, si aliitwa hivyo akiwa hai?"

"Sikiliza basi, usinikatize. Dada yangu ameolewa juzi juzi tu, hata mtoto hana. Babu yako akashikwa na homa, masika kama haya. Akaweweseka, akaweweseka, mwishowe akatulia tuli. Wakamwekea kioo puani, hakikuingia ukungu. Nilikuja kujua baadaye kile kioo kilikuwa kichafu, ukungu usingeonekana hata kwa ng'ombe. Tukaanza kulia. Shemeji yake mmoja akachukua koti lake la sufu, akalivaa pale pale. Alisema maiti hana baridi. Wachimba kaburi wakaja wamelowa, wana hasira, shimo linajaa maji. Mkubwa wao akachungulia mlangoni, akauliza, 'Tayari?' Na sauti ikatoka chini ya shuka: 'Bado.'"

Nikasogea karibu na kitanda. "Mkafanyaje?"

"Mimi nilitokea ukutani."

"Ukutani, Bibi?"

"Ulikuwa wa matete. Baada ya mimi kupita haukuwa ukuta tena. Watu walikimbia hata mbwa wakatupisha njia. Dada yangu peke yake ndiye alibaki. Akamfunua mumewe uso, akamtazama, akamzaba kofi."

"Kofi la nini tena?"

"La machozi yake yaliyokwenda bure! Kisha akampikia uji. Tangu hapo watu wakimwona njiani wanaulizana, 'Yule hakufa?' Na wenzao wanajibu, 'Bado.' Likamganda. Yeye mwenyewe alilipenda, alikuwa akijitambulisha nalo huku anacheka." Akanishika mkono. "Baba yako alizaliwa baada ya hapo. Na huyo shangazi yako mwenye maringo, na baba yako mdogo, na wewe, nyote mmekuja baada ya hapo. Siku ile angejibu 'tayari', leo nani angekuwa ananipigia kelele sikioni?"

Mvua ilikuwa inapiga bati. Sijui kwa nini nilihisi kulia, na mimi nilikuwa nimekuja kutafuta silaha tu.

"Na lile koti, Bibi?"

"Hakurudishiwa. Shemeji alisema alirithi kihalali."

Aprili 3

Nimewasimulia mke wangu na binti yangu. Mke wangu amecheka mpaka akashika ukuta. Binti yangu alicheka pia, kisha akaniomba nirudie pale pa kofi.

Shangazi, kwa simu: "Nguvu! Si nilikwambia?" Baba mdogo, kwa simu: "Hata kufa alishindwa kumaliza. Si nilikwambia?" Wamepatana.

Aprili 5

Leo nimekwenda kwa Mkunga nimevaa shati la kola. Nilikuwa nimelipanga simulizi langu kama suti, kila kitu mahali pake. Nikamsimulia homa, kioo, koti, wachimba kaburi. Nilipofika kwenye "Bado" nilitoa ile sauti ya chini ya shuka. Fundi Friji, aliyekuwa anafungua feni pembeni, akaangusha bisibisi.

Mkunga hakucheka. Alinisikiliza mpaka mwisho, mikono mapajani.

"Mkasa mzuri," akasema. "Sasa na mimi nikupe wangu. Mwanangu, nenda kanunue sukari."

"Sukari ipo, mama."

"Nenda kanunue nyingine."

Alipotoka, Mkunga akasema bila kuniangalia:

"Niliolewa nikakaa muda mrefu bila mtoto. Na kazi yangu ni ukunga. Nashinda nikipokea watoto wa wenzangu, nikirudi namkuta mama mkwe mlangoni. Hanipi hata pole ya kazi. Anauliza, 'Vipi, bado?' Najibu, 'Bado, mama.' Mawifi wakija, 'Bado?' Nikienda kuteka maji, 'Bado?' Ikafika mahali wakaacha hata kuuliza, wanainua nyusi tu, na mimi nalisema mwenyewe. Huyu kijana nilimpata nimeshaanza kuota mvi. Siku nilipojua nina mimba niliapa hilo neno halitatoka tena mdomoni mwangu. Hata kazini nikaliacha. Sasa mwanangu ananiletea mke, na mke jina lake ndilo hilo. Kila atakayegonga mlango wangu atamuuliza jina, na nitalisikia tena likisemwa pale pale mlangoni."

Nikasema, "Pole, mkwe." Akasema, "Asante." Kijana akarudi na sukari.

Njiani nilikumbuka nilivyoandika hapa kwamba ana kiburi. Sifuti, maana kalamu ni ya wino, lakini naandika hapa chini: sikujua.

Aprili 6

Nimemwambia mke wangu. Akasema, "Toa jina kwenye kadi." Nikasema nimeshaamua hivyo hivyo. Kadi itaandikwa "Wazazi wa bibi harusi". Nimempelekea Mkunga habari mwenyewe. Amenishukuru, lakini uso haukufurahi sana, kama mtu aliyeshinda mchezo na mwenzake hakucheza.

Aprili 7

Nilidhani binti yangu angefurahi. Amenuna.

"Sasa hivi ndipo mnalitoa?" akasema. "Nimeshaanza kulipenda!" Kumbe juzi mzee mmoja pale dirishani alisoma kifuani mwake akamuuliza, "Bado nini, mwanangu?" Naye akamsimulia habari za kaburi. Foleni nzima ikacheka, akaitwa na mkuu wake kuonywa kwa kuchekesha wagonjwa.

Nikamweleza sababu ya Mkunga. Akafuta macho. Hakusema tena habari za kadi.

Aprili 11

Mvua.

Aprili 12

Mvua. Nimenunua satini nyeupe ya gauni la bibi harusi. Nimenawa mikono mpaka kwenye viwiko kabla ya kuigusa.

Aprili 17

Gauni la mke wa muuza mabati. Hakuna tena cha kupanua, nimeunganisha kipande cha pazia. Amesema ni zuri. Maskini, tumbo limemfanya awe mpole.

Aprili 24

Nicheke au niogope, sijajua.

Alfajiri maji yameujaza mtaa. Duka langu lina ngazi mbele, kwa hiyo lilinusurika. Nilikuwa nimetandaza satini mezani, chaki mkononi, nilipomsikia muuza mabati anapiga kelele. Mkewe ameshikwa na uchungu. Nyumbani kwao maji yamefika kitandani, na gari la hospitali limezimika huko kona. Tukambeba, mimi na muuza mabati, kwa kiti cha plastiki, mpaka dukani kwangu. Mke wangu akapiga simu moja tu. Mkunga akaja akivuka maji na sketi ameifunga kiunoni, mkoba kichwani. Nyuma yake Fundi Friji na mwavuli usiomfunika mtu.

"Meza hiyo," Mkunga akasema. "Ondoa makasi. Maji ya moto. Nguo safi."

Nguo safi! Nikatazama huku na huku. Masika yote hakuna kilichokauka. Kila kitu dukani kina unyevu na harufu ya ukungu, isipokuwa kitu kimoja. Nikaikumbatia satini.

"Si hii," nikasema.

"Lete!" mke wangu akasema.

Nikaitoa. Roho ilinitoka nayo. Kisha wanaume tukafukuzwa, tukasimama barazani chini ya kibao changu, muuza mabati anatafuna kola ya shati lake.

Ndani tukasikia mama mjamzito analia, na Mkunga anamtuliza. "Ngoja, mwanangu. Usisukume. Ngoja." Kilio kikazidi. "Ngoja! Ngoja nimesema!" Kilio kikazidi tena. Halafu sauti ya Mkunga ikabadilika, ikatoka ndani sana:

"Bado!"

"Naam, mkwe!" nikaitika.

"Bado... bado..."

"Niko hapa! Nikulete nini?"

"Nyamaza wewe!" mke wangu akapiga kelele kutoka ndani. "Huitwi!"

"Si ananiita kwa jina!"

"Bado, mwanangu, vuta pumzi... bado... vizuri hivyo... bado..."

"Naam," nikasema, kwa sauti ndogo sasa, kwa sababu mtu akiitwa namna hiyo ni vigumu kunyamaza.

Na hapo ndani, katikati ya uchungu, mke wa muuza mabati akaanza kucheka. Alicheka na kulia pamoja, na mke wangu akacheka, na Mkunga akasema, "Usicheke! Haya, cheka, ndiyo, cheka hivyo hivyo, sasa! Sasa sukuma!" Na punde tukasikia sauti nyembamba, mpya, yenye hasira sana.

Msichana. Muuza mabati akakaa kwenye ngazi, majini, bila kujua.

Mkunga alipotoka alikuwa amenawa, mikono imekunjamana kwa maji. Akaketi kwenye stuli yangu ya kupigia pasi. Mabega yakaanza kumtikisika. Nikadhani analia. Alikuwa anacheka, na machozi yanamtoka.

"Kwa hiyo umeitika mara zote?" akauliza.

"Kila ulipoita."

"Miaka yote hii kazini nilisema ngoja. Huyu wa leo aliogopa sana, ngoja haikumwingia. Likanitoka lile lingine, sikulituma. Akalisikia, akatulia. Mtoto angekuja vibaya, akaja vizuri. Na kila nikilisema, kuna mtu mzima mlangoni anasema naam." Akajifuta macho kwa mkono wa blauzi. "Baba wa... Aa! Bwana Bado. Kadi iandikeni kama mlivyotaka."

"Tulishakubaliana tusiandike, mkwe."

"Basi mimi sikubaliani tena."

Hakuna aliyebishana naye. Fundi Friji akasema mtambo wa pasi yangu una waya uliolegea, akaenda kuusikiliza.

Aprili 26

Nimepima satini iliyosalia baada ya kufua. Ilitosha gauni, haikutosha mikono mirefu. Binti yangu amesema mikono mifupi ndiyo mtindo. Hajui kudanganya, lakini nimemshukuru.

Aprili 29

Kadi zimetoka. Zimeandikwa "Bwana na Bibi Bado wanafurahi". Mkunga ameomba nyingi kuliko sisi, anazigawa mwenyewe, na kila anapogawa anasimulia habari za kaburi. Nasikia kwenye simulizi lake babu aliketi kabisa.

Mei 8

Mvua imepungua. Mashati ya wasindikizaji.

Mei 16

Harusi. Nimechoka, miguu inauma, nitaandika yale ambayo sitaki kuyasahau.

Mfungisha ndoa alikuwa mzee wa miwani minene, mwenye kalamu aliyoishika kama sindano. Ukumbi umejaa. Akamgeukia binti yangu.

"Bibi harusi, jina la ukoo?"

"Bado."

Mzee akainua kalamu, akasubiri. Sisi tukasubiri. Mahali fulani nyuma baba mdogo akaanza kukohoa.

"Naam, binti," mzee akasema, "tunakusikiliza."

"Bado."

"Usiwe na wasiwasi. Vuta pumzi. Tuanze na rahisi: umewahi kuolewa kabla ya leo?"

"Bado."

"Vizuri, hilo umelijibu. Sasa jina."

"Bado!"

Mzee akavua miwani. Akamtazama Fundi Friji kwa huruma. "Kijana wangu, naona mwenzako hayuko tayari. Tuwape muda mkazungumze nje?"

Fundi Friji alifungua mdomo. Kijana huyu anaweza kulielezea jokofu lolote, lakini hapo akamtafuta mama yake kwa macho. Mimi nilikuwa ninasimama, na mtu akanitangulia. Viti viwili vilianguka. Mkunga alikuwa amesimama katika gauni la zambarau nililomshonea, mkono juu, kwa sauti ile iliyowaleta watu wa nusu ya mtaa duniani:

"Anaitwa Bado! Baba yake Bado, babu wa baba yake... nani vile... wote Bado! Yule mzee aliyekataa kuzikwa! Ndilo jina la mkwe wangu, na halina kasoro. Andika, mzee, watu wana njaa!"

Ukumbi ukalipuka. Mzee akaandika. Alipomuuliza binti yangu kama anamkubali kijana huyu, binti yangu akanitazama kwa yale macho ya utotoni, nikajua anataka kufanya nini, nikamtikisia kichwa kwa nguvu zangu zote. Akasema, "Ndiyo." Nimemshukuru Mungu.

Bibi Mdogo aliletwa na baba mdogo. Watu walimzunguka wakimtaka asimulie. Safari hii mchimba kaburi alitumbukia shimoni kwa mshtuko, jambo ambalo mimi sikuambiwa. Nikataka kuuliza. Mkunga akanifinya paja. "Mwache," akasema. Tukamwacha. Alipofika kwenye kofi, Mkunga alikuwa ameegemea bega la mke wangu, wote wawili hawana pumzi.

Mei 17

Jua. Nyumba kubwa ghafla.

Asubuhi simu ikalia. Mke wangu akaiwahi. Waliongea habari za jiko, za mapazia, za chumvi, za nani alivaa nini. Mimi nikajifanya natia mafuta cherehani, nikasubiri zamu yangu. Nilikuwa na mengi ya kumwambia. Niliyapanga kichwani nikiwa nimelala, nikayapanga tena nikinyoa.

Mke wangu akanipa simu.

"Baba?"



"Mvua imekatika huko?" nikamuuliza.

"Imekatika, baba."

"Na huku pia."

Tukabaki hivyo, simu sikioni, kila mmoja anasikia mwenzake anapumua, na hakuna aliyekuwa na haraka ya kukata.